Makasri ya Unguja Yasomwe Kuanzia Bustanini

Anayekuja Mji Mkongwe wa Zanzibar kutazama makasri ya masultani huanzishiwa ndani. Hupandishwa ngazi za lile jumba jeupe la ufukweni karibu na Forodhani, lililoitwa Beit al-Sahel, likapewa jina la Kasri la Watu baada ya Mapinduzi ya 1964, na mwaka 1994 likafunguliwa kuwa makumbusho. Humo ataona picha za masultani, samani za barazani, vitanda, meza za kulia, na chumba kilichotengwa kwa Sayyida Salme, binti wa Sultani Sayyid Said, binti aliyetoroka Unguja akaishia Ujerumani. Akimaliza huonyeshwa makaburi ya ukoo wa Busaidi yaliyo ubavuni mwa jumba, kisha huambiwa kwamba akipata nafasi, na gari likiwapo, anaweza pia kwenda kutupia jicho magofu ya Mtoni na Maruhubi, kaskazini mwa mji. Mpangilio huo umezoeleka kiasi kwamba hakuna anayeuhoji. Jumba ndilo somo, na bustani ni nyongeza ya kupigia picha. Rai ya makala hii ni kwamba mpangilio huo umepinduliwa. Historia ya makasri ya Unguja imeandikwa zaidi nje kuliko ndani: kwenye mifereji, mabirika, hamamu, miembe na mikarafuu. Chumba kilipambwa na mwenyewe ili mgeni aone alichotaka kionekane. Bustani haikuweza kuficha mali imetoka wapi, wala mikono ya nani iliyobeba maji.

Tuanze na ushahidi ulio wazi kuliko wote, nao ni umri. Jumba ambalo mgeni hulipia kiingilio ili aone maisha ya Sayyid Said silo alilokaa Sayyid Said. Beit al-Sahel ya kwanza ilivunjwa na mizinga ya Waingereza tarehe 27 Agosti 1896, katika vita vilivyomalizika kabla ya saa moja kutimia, na jirani yake, Beit al-Hukm, halikusimama tena. Kilichopo leo kilijengwa baada ya hapo, na samani nyingi zilizomo ni za karne ya 20, zikiwamo kabati na meza ambazo mtu angeweza kuziona katika nyumba yoyote ya mwenye nacho wa zama hizo. Beit al-Ajaib, yaani jumba la maajabu, lililojengwa na Sultani Sayyid Barghash mwaka 1883, lilinusurika mizinga hiyo, lakini sehemu yake kubwa iliporomoka tarehe 25 Desemba 2020. Sasa nenda shamba. Kidichi, juu ya kilima, hamamu ya Sayyid Said ingali na kuba zake na nakshi zake za ndege na maua. Kizimbani ipo nyingine, isiyo na nakshi. Mtoni umebaki ua na hamamu. Maruhubi zimebaki nguzo, hamamu na birika. Kwa maneno mengine, katika makasri ya shamba kilichodumu zaidi ni kile kilichohusu maji. Sababu yake haina muujiza. Roshani, sakafu na ngazi zilikuwa za mbao, na mbao huliwa na moto na mchwa, lakini hamamu na mabirika yalijengwa kwa mawe ya matumbawe na kupigwa chokaa nzito ili yasivuje. Wakati umeshatuchagulia ushahidi. Ajabu ni kwamba tumeupa kisogo tukaenda kuangalia makabati.

Mtoni ndipo pa kuanzia, kwa kuwa ndilo kasri la zamani zaidi la Sayyid Said hapa Unguja, lililoanza kujengwa karibu na mwaka 1828 alipofika kisiwani kwa mara ya kwanza. Lakini Mtoni palikuwa shamba kabla hapajawa kasri. Mwenyewe wa awali, Saleh bin Haramil al-Abri, anatajwa miongoni mwa watu wa kwanza kuotesha mikarafuu Unguja, pale Mtoni na kule Kizimbani, na mashamba hayo yakaangukia mikononi mwa Sultani. Mfuatano huo una maana kubwa. Hatusemi juu ya mfalme aliyejenga nyumba halafu akaizungushia maua. Tunasema juu ya mfalme aliyetwaa shamba la zao la biashara, lenye kijito kinachoteremka hadi baharini, kisha akajenga makazi yake juu ya mtaji huo. Salme, aliyezaliwa hapo mwaka 1844, ameeleza katika kumbukumbu zake zilizochapishwa Berlin mwaka 1886 jinsi ua wa Mtoni ulivyokuwa: tausi, paa, mbuni, flamingo, bata bukini na kanga wakizurura huru, michungwa kando, safu ya nyumba za kuogea zenye watu wakati wote, na jengo la mviringo karibu na maji ambapo baba yake alizoea kutembea akitazama bahari. Anakadiria kuwa walioishi humo walifika elfu moja. Mtu akisoma maelezo hayo kwa pupa huona pepo ndogo. Akiyasoma taratibu atajiuliza ni nani aliyewalisha wale mbuni, nani aliyejaza mabirika, nani aliyefagia ua wenye wanyama wote hao, na chakula cha watu elfu moja kilitoka shamba gani. Vyumba vya ndani havimsukumi mtu kuuliza maswali hayo. Ua unamsukuma.

Wapo watakaosema Salme si shahidi wa kutegemewa. Aliandika akiwa Ujerumani, mjane mwenye watoto, ametengwa na ndugu zake, na mtu aliye ugenini hupenda kuipaka kwao rangi nzuri kuliko ilivyokuwa. Hoja hii ina uzito, na hasa kwa maelezo yake ya bustani, ambayo yana harufu ya utoto kila mahali. Lakini udhaifu huo ndio unaomfanya afae kwa swali letu. Salme hakuwa mpinzani wa utumwa. Ameandika sura nzima akiutetea, akiwalaumu Wazungu kwa kutaka kuufuta haraka, na yeye mwenyewe alirithi shamba lililolimwa na watumwa. Mtu wa namna hiyo anapotaja, bila kuona aibu na bila kusudi la kushitaki, kwamba baba yake alikuwa na mashamba 45 kisiwani, na kwamba kila shamba lilikuwa na watumwa wake, kuanzia makumi hadi mamia, hatuwezi kumwambia kwamba ametia chumvi ili kuwachafua Mabusaidi. Ushahidi wa mtu anayejitetea una nguvu pale unapomponyoka. Bustani ya Mtoni, kwa maelezo ya mpenzi wake mkubwa kabisa, ilisimama juu ya mashamba hayo.

Na mashamba hayo yalikujaje? Hapa ndipo historia ya bustani inapotoka kwenye mapambo na kuingia kwenye uchumi. Mwaka 1822 Waingereza walimtia Sayyid Said katika mkataba uliozuia kuuza watumwa kwa mataifa ya Kikristo, yaani soko la visiwa vya Mauritius na Bourbon walikokuwa wakipelekwa kufanya kazi katika mashamba ya Wafaransa. Mwanahistoria wa Zanzibar, Abdul Sheriff, ameonyesha mantiki iliyofuata: ikiwa mtumwa hawezi kusafirishwa kwenda kulima huko, basi anaweza kubakishwa Unguja na Pemba alime hapa hapa, kisha kinachosafirishwa ni zao lake. Karafuu ilitimiza haja hiyo. Bei yake ilikuwa juu, mti wake ulikubali udongo wa visiwa, na Sultani mwenyewe akawa mkulima mkubwa kuliko wote. Inasimuliwa kwamba aliwaamuru wenye mashamba waoteshe mikarafuu mitatu kwa kila mnazi mmoja, asiyefanya hivyo anyang'anywe ardhi. Mkarafuu hauna haraka, huchukua miaka kadhaa kabla ya kuzaa, na ukizaa huchumwa kwa mkono, kikonyo kwa kikonyo, kabla maua hayajafunguka. Matawi yake ni mepesi kuvunjika, kwa hiyo mchumaji hupanda kwa tahadhari. Baada ya hapo kuna kuchambua makonyo, kuanika majamvini, kukimbiza karafuu ndani mvua inaponyesha na kuzitoa jua likirudi. Kufikia miaka ya 1840 karafuu zilikuwa nyingi hata bei ikaanza kushuka. Katika muongo huo huo Sultani alikuwa akijenga kwa kasi, na mwaka 1847 akaanzisha kasri jingine la Beit al-Ras ambalo halikwisha hadi alipofariki baharini mwaka 1856. Kazi hiyo ya majamvini haina chumba katika makumbusho ya mjini, ingawa ndiyo iliyonunua kila kitu kilichomo.

Kidichi inaonyesha uhusiano huo kuliko mahali pengine popote. Hamamu ile ilijengwa kwa ajili ya mke wa Kiajemi wa Sayyid Said, anayejulikana kwa jina la Shahrzad, mjukuu wa mfalme Fath Ali Shah. Wageni husimuliwa habari zake: uwindaji, farasi, ufahari, talaka. Huonyeshwa nakshi za plasta zenye ndege, jambo lisilotarajiwa katika jengo la mtawala wa madhehebu ya Ibadhi, ambayo wafuasi wake hawakupenda sura za viumbe hai kwenye kuta zao, na kwa sababu hiyo huaminiwa kuwa kazi ya mafundi wa Kiajemi. Yote hayo ni ya kupendeza. Lakini hamamu haikujengwa Kidichi kwa sababu ya ndege wa plasta. Ilijengwa pale kwa sababu pale palikuwa katikati ya mikarafuu ya Sultani, na mwenye shamba alipotoka kwenda kukagua mali yake alihitaji mahali pa kuoshea vumbi na jasho. Ukisimama mlangoni ukatazama nje badala ya ndani, utaona sababu ya jengo zima. Waongozaji wengi huwageuza wageni waangalie kuba.

Pingamizi la pili ni zito zaidi, nalo husikika kwa sauti mbalimbali. Husemwa kwamba bustani hizi ni mambo ya kigeni: ufundi wa Uajemi, mazoea ya Oman, baadaye mitindo ya Bombay na Uingereza. Kwa nini basi Mswahili azihesabu kuwa historia yake? Jibu la kwanza linapatikana Kilwa Kisiwani. Katika kasri la Husuni Kubwa, lililojengwa mwanzoni mwa karne ya 14 enzi za Sultani al-Hasan bin Sulaiman, kuna birika la kuogea lenye pembe nane, limechimbwa kwenye mwamba juu ya bahari. Sayyid Said alizaliwa karibu miaka mia tano baadaye. Watawala wa pwani walikuwa wanajua raha ya maji ya kifalme, na heshima inayopatikana kwa kuwaonyesha wageni maji hayo, karne nyingi kabla ya Mabusaidi. Jibu la pili liko Unguja kwenyewe, Dunga, ambako Mwinyi Mkuu Muhammad bin Ahmed, mtawala wa wenyeji wa kisiwa, alijenga kasri lake katika miaka ile ile ya 1840 na 1850 ambayo Sayyid Said alikuwa akiongeza yake. Makasri hayakuwa ya kabila moja tu. Jibu la tatu linahusu maji yenyewe. Oman ni nchi kavu, na kule mfereji wa falaji hugawa maji kwa zamu na kwa saa, kwa maana bila mgawo huo kijiji kinakufa. Unguja ina masika na vuli, chemchemi na vijito. Teknolojia iliyozaliwa kwa ajili ya kuokoa uhai ilipofika hapa ilipata kazi nyingine: kuonyesha. Mfereji uliopelekwa kwenye hamamu ya Mtoni haukuwa ukiokoa shamba na ukame, kwa hiyo fahari aliyoonyeshwa mgeni ilikuwa wingi wa mikono iliyopatikana kwa kazi isiyo ya lazima. Mabadiliko hayo yalifanyika hapa, kwa chokaa iliyochomwa hapa, na kwa nguvu za watu waliotolewa bara na wajukuu wao leo ni Wazanzibari. Sijui kitu gani zaidi kinahitajika ili historia iitwe ya mahali.

Maruhubi inaleta sura nyingine, na ndiyo inayonithibitishia kwamba bustani husoma nyakati vizuri kuliko vyumba. Barghash alitawala kuanzia 1870 hadi 1888, na alianza vibaya. Mwaka 1872 kimbunga kiliangusha sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja, Pemba ikanusurika na kuchukua nafasi ya kwanza katika zao hilo ambayo haijaiachia hadi leo. Mwaka 1873 alilazimishwa kutia sahihi mkataba wa kufunga soko la watumwa. Mwaka 1875 alikwenda Uingereza kama mgeni wa taifa. Kati ya 1880 na 1882 akajenga kasri la Maruhubi. Linganisha sasa bustani hii na ya Mtoni. Mtoni ilikuwa bustani ndani ya shamba, mwenye mali akiishi juu ya mali yake. Maruhubi ni bustani ya starehe tupu: ukuta mrefu wa kuzunguka eneo, ambao inaelezwa kuwa aliuiga kutoka mabustani ya Uingereza; vidimbwi vya mayungiyungi; miembe iliyoagizwa India; hamamu zilizolishwa kwa mfereji. Mali iliyoijenga haikuwa inaota mbele ya macho yake tena. Ilitoka forodhani, kwenye ushuru wa pembe za ndovu na wa karafuu za Pemba. Mtawala aliyekuwa mkulima amekuwa mkusanya ushuru, na bustani imesema hivyo bila hati yoyote. Kasri lenyewe liliungua mwaka 1899, likabakiza nguzo zilizobeba roshani, na zile sehemu za maji.

Kuna anayeweza kunikatiza hapa na kusema kwamba sijamtendea haki Barghash, kwa kuwa huyo huyo ndiye aliyeleta maji ya mferejini mjini kutoka Chemchem, na raia wakayanywa bure. Ni kweli, na ni jambo kubwa. Mji ambao kipindupindu kiliua watu wake kwa maelfu katika karne ile ulihitaji maji safi kuliko ulivyohitaji jumba la maajabu, na Barghash, aliyekuwa amepelekwa Bombay uhamishoni mwaka 1859 baada ya kushindwa kunyakua kiti, alirudi na ujuzi wa mji mkubwa unavyoendeshwa. Lakini angalia jinsi sifa hiyo inavyoingia katika hoja badala ya kuibomoa. Wema mkubwa kuliko wote wa Barghash kwa watu wake ulikuwa wa maji, na hauonekani katika chumba chochote. Mtu akiingia Beit al-Ajaib enzi lilipokuwa wazi aliambiwa habari za taa za umeme na lifti, vitu vilivyowafaa wachache. Habari ya bomba lililowafaa wote ilikuwa ndogo. Anayemtetea Barghash kwa dhati angetaka makumbusho yaonyeshe mabomba kwanza.

Nisiache kutaja balaa la hadithi, maana bustani ikikosa historia ya kweli haikai tupu, hujazwa ngano. Maruhubi imejazwa na ile ya masuria 99 wa Sultani, idadi inayotajwa kwa uhakika wa kushangaza na watu ambao hawawezi kumtaja hata mmoja wao kwa jina. Ngano hii inaleta bakhshishi nzuri, nami sina ugomvi na mtu anayetafuta riziki. Ubaya wake ni kwamba inageuza wanawake wa kweli kuwa tarakimu ya kuchekesha. Suria alikuwa mtumwa. Mama yake Salme, Jilfidan, alikuwa Mcherkesi aliyetekwa utotoni na kuuzwa mbali na kwao, na wenzake wengi walitoka Uhabeshi na kwingineko. Na hapa sheria inasema jambo ambalo kila mgeni wa Maruhubi angepaswa kuambiwa: amri ya kufuta hadhi ya utumwa Unguja na Pemba ilipotolewa mwaka 1897, masuria waliachwa nje. Walihesabiwa kuwa mambo ya nyumba ya mtu, yasiyoingiliwa. Ilibidi kusubiri hadi mwaka 1909 sheria iwafikie. Ule ukuta mrefu wa bustani, tunaouona kama urembo wa kuiga Uingereza, una maana nyingine kabisa ukishaijua miaka hiyo 12.

Mwendo wa bustani haukuishia Maruhubi. Baada ya 1896 Waingereza walimkalisha kitini Sayyid Hamoud, na ndiye aliyetia sahihi amri ile ya 1897. Ndiye pia aliyewafungulia watu wa mji bustani iliyokuwa ya starehe za harimu ya Barghash, upande wa Vuga, ikapewa jina la Malkia Victoria. Ukumbi uliomo ulikuja kuwa mahali pa vikao vya Baraza la Kutunga Sheria kuanzia mwaka 1926. Bustani ya wanawake waliofichwa ikawa bustani ya umma yenye jina la malkia wa kigeni, ndani yake wanaume wakijadili bajeti. Kwa mtu anayetaka kujua lini usultani wa Zanzibar ulipoteza nguvu, nafikiri mfano huu unamtosha kuliko mkataba uliowekwa kwenye kioo. Forodhani ikafuata. Pale palipokuwa pa kupakulia bidhaa na kutoza ushuru palitengenezwa bustani ya jubilii mwaka 1936, kuadhimisha miaka 25 ya Sayyid Khalifa bin Haroub katika kiti, na ilipofanyiwa ukarabati mkubwa na kufunguliwa upya mwaka 2009 ilikuwa imekwisha kuwa mali ya watoto wanaojitosa baharini na wauza urojo, mishikaki na juisi ya miwa. Mgeni hula hapo usiku bila kujua kwamba amekalia sanduku la fedha la Barghash. Kuhusu Forodhani sina mengi ya kuongeza, imeandikwa sana.

Pingamizi la mwisho si la kitaaluma, ni la amani. Wako watu wazima na wenye busara wanaohofu kwamba ukiingiza utumwa katika bustani za masultani unafukua vidonda vya visiwa vilivyopitia siasa za chuki na umwagaji damu wa 1964, na kwamba ni hekima kuacha makasri yawe makasri. Hofu hiyo siidharau. Ila ninaona kwamba njia tuliyoichagua haijaepusha chuki, imegawa tu majengo. Utumwa umepewa mahali pake pamoja, Mkunazini, palipokuwa soko na sasa kuna kanisa na sanamu za watu waliofungwa minyororo shimoni. Ufalme umepewa mahali pake, ufukweni. Mgeni hulia asubuhi kule, hupiga picha mchana huku, na hakuna anayemwambia kwamba ni habari moja. Matokeo yake, utumwa umebaki kuwa kisa cha soko na minyororo, ambacho ni rahisi kumtwika Mwarabu asiye na jina, au kukikana chote kwamba kimetiwa chumvi na Wazungu. Bustani haikubali uongo wa aina zote mbili. Inaonyesha kazi ya kila siku: kuchota, kufagia, kupanda, kuchuma, kuanika, kuogesha. Inaonyesha wanunuzi wa karafuu wa Marekani, Ulaya na Bara Hindi, wakopeshaji fedha wa Kihindi walioendesha forodha, wenye mashamba wa Kiarabu na wa Kiswahili, na watumwa ambao baadhi yao waliachiwa huru wakapata vipande vyao vya ardhi. Hata baada ya 1964 Serikali ya Mapinduzi ilipotaka kutenda haki, ilitenda kwa lugha ya shamba: ilitaifisha ardhi na kuigawa eka tatu tatu kwa wakulima. Waliofanya mapinduzi walijua enzi ilikuwa imekaa wapi. Historia yenye watu wengi kiasi hicho na majukumu yaliyopishana kiasi hicho ni vigumu kuigeuza kuwa rungu la kundi moja dhidi ya jingine.

Ninachodai si kikubwa wala cha gharama. Makumbusho ya kasri la mjini yatenge chumba kimoja, ikibidi kwa kuhamisha makabati mawili, kiwe cha maji na karafuu: ramani inayounganisha Kizimbani, Kidichi, Mtoni, Maruhubi na Chemchem, zana za kuchumia na kuanikia, na maelezo ya amri za 1897 na 1909. Tiketi ya jumba iwe pia tiketi ya magofu, ili anayelipia moja ajue kwamba hajaona mambo yote. Waongozaji wapewe majina ya kweli ya wanawake na mafundi kadiri yanavyopatikana katika maandishi, watupe ile hesabu ya 99. Na mabirika ya Maruhubi yatunzwe kwa bidii ile ile inayotumika kwa milango ya nakshi ya Mji Mkongwe, ambao uliingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2000 huku makasri ya shamba yakiachwa nje ya mipaka yake. Nawe msomaji, ukiwa na siku moja tu Unguja, usianzie ufukweni. Anza Kizimbani kwenye mikarafuu, pitia Kidichi, teremka Mtoni, kisha Maruhubi, na jumba la mjini liwe la mwisho.